Je, wajua jinsi mshika daftari wa Truffaut, mwongozaji wa filamu wa Ufaransa, alivyofika kwenye Oscar?

Kwenye skrini mtu anafungua mlango, anavua koti, anakaa. Sekunde chache tu. Ila mlango huenda ulipigwa picha mtaani mwanzoni mwa kazi, na kule kukaa kukapigwa studioni wiki tatu baadaye. Nani atakumbuka vifungo vingapi vya koti vilikuwa wazi, au sigara ilikuwa imebaki kiasi gani? Ni mtunza mwendelezo. Hukaa kando ya kamera na saa ya kupimia sekunde, akiandika kila kipande kilivyokuwa na kipi mwongozaji amekipenda, ili mhariri asihangaike.

Ufaransa kazi hii iliachiwa wanawake kwa miaka mingi, ikachukuliwa kama ukarani. Hapo ndipo alipoanzia Suzanne Schiffman (1929–2001). Alifahamiana na François Truffaut, Jean-Luc Godard na Jacques Rivette walipokuwa bado vijana wa kushinda kwenye kumbi za filamu za Paris. Wenzake walipoanza kuongoza, yeye akashika daftari, ikiwemo kwenye Jules et Jim ya Truffaut, ya mwaka 1962.

Sasa, filamu ikipigwa shaghalabaghala namna hiyo, mwenye daftari ndiye anayelazimika kuishika hadithi nzima kichwani, tena kwa mpangilio wake. Tukio likikosa sababu, yeye huliona mapema. Mtu wa namna hiyo, kwa maoni yangu, ni mwandishi tayari. Amekosa tu jina kwenye bango.

Truffaut alimpa. Alimfanya msaidizi wake wa uongozaji, kisha wakaandika pamoja filamu nane, kuanzia La Nuit américaine (1973) hadi Vivement dimanche! (1983), ambayo Truffaut hakupata kutengeneza nyingine baada yake. Ile ya kwanza inahusu watu wanaotengeneza filamu, na wengi humwona Schiffman mwenyewe katika Joëlle, yule msaidizi asiyechoka aliyeigizwa na Nathalie Baye. Iliwapeleka kwenye orodha ya wawaniaji wa Oscar ya uandishi mwaka 1975. Le Dernier Métro ikawapa César, tuzo ya filamu ya Ufaransa, mwaka 1981.

Kwa Rivette alitajwa kuwa mwongozaji mwenza wa Out 1, filamu ya karibu saa 13 (ndiyo, saa!). Ya kwake mwenyewe, Le Moine et la sorcière, ilitoka mwaka 1987: mtawa wa karne ya 13 anafika kijijini kusaka wazushi wa dini, anakuta wanakijiji wanamheshimu mbwa kama mtakatifu.