Filamu za stimpanki zilitangulia jina lake

Wengi huamini kwamba filamu za stimpanki, yaani hadithi zinazowazia mashine za mvuke za karne ya 19 zikitenda makubwa kuliko zilivyoweza, ni zao la Hollywood lililokuja baada ya mwandishi wa Marekani, K. W. Jeter, kubuni jina hilo mwaka 1987. Jina ni la wakati huo kweli, lakini filamu zenyewe zilikuwepo zamani.

Mfano bora zaidi, kwa maoni yangu, ni Vynález zkázy (Uvumbuzi wa Maangamizi) ya mwongozaji Karel Zeman, iliyotolewa mwaka 1958 nchini Chekoslovakia kutokana na maandishi ya Jules Verne, mwandishi Mfaransa wa karne ya 19. Zeman alitaka michoro ya vitabu vya Verne ionekane ikitembea. Kwa hiyo mandhari na mashine zilichorwa mistari myembamba kama ya michoro ya kuchongwa, na waigizaji halisi wakachanganywa na picha za kuchora, kiasi kwamba bahari yenyewe huonekana kama ukurasa uliochapwa. Ustadi huo ndio unaoifanya ienziwe hadi leo na mashabiki wasioichoka.

Hata baada ya 1987, Hollywood haikuhodhi uwanja huu. Ufaransa ilitoa filamu ya La Cité des enfants perdus (Mji wa Watoto Waliopotea) mwaka 1995, na mwongozaji Katsuhiro Otomo wa Japani akatoa Steamboy mwaka 2004, filamu ya katuni inayosimulia Uingereza ya 1866, ambamo mvuke wenye shinikizo kubwa, uliofungiwa ndani ya tufe dogo la chuma, ndio unaogombaniwa na pande zote.