Madeleine Vionnet na gauni la mshazari

Kila ninapoanza kufundisha ukataji wa mshazari, yaani kukata kitambaa kwa kukingama na nyuzi zake, huwapa wanafunzi leso ya pamba na kuwaambia waivute. Wakiivuta kwa kufuata nyuzi za mtande (za urefu) au za mshindio (za upana), hairefuki. Lakini wakishika pembe mbili zinazokabiliana, inanyooka, inajibana katikati, na wakiiachia inarudi. Kazi yote ya Madeleine Vionnet, mbunifu wa mitindo wa Ufaransa, imesimama juu ya jambo hilo.

Vionnet alizaliwa mwaka 1876 huko Chilleurs-aux-Bois, Ufaransa, akaingia kwenye ushonaji angali mtoto. Alifanya kazi London, kisha Paris kwa wabunifu wa mitindo akina dada Callot na Jacques Doucet, kabla ya kufungua nyumba yake ya mitindo mwaka 1912.

Wapo wanaosema ndiye aliyebuni mshazari, nami siafiki, kwa kuwa mafundi walikuwa wakiutumia zamani kwenye kola na mapambo. Alichothubutu yeye ni kukata gauni zima namna hiyo, likaufuata mwili bila korseti, vazi la ndani la kubana kiuno. Hakuanza kwa kuchora: alikivika kitambaa kiwiliwili kidogo cha mbao, akakizungusha na kukibana kwa pini hadi kitulie, ndipo vipande vikakuzwa kufikia kipimo cha mtu. Mshazari hula kitambaa kingi, hivyo aliagiza krepu ya hariri, kitambaa chenye uso wa mikunyato midogo, iliyofumwa kwa upana kupita kawaida. Tena mshazari hushuka kwa uzito wake, na nguo hutundikwa kwanza kabla ya kupindwa; mimi nililipuuza hilo wakati mmoja, na bibi harusi wangu akaingia ukumbini pindo likiwa limepanda huku na kushuka kule.

Mwaka 1923 alihamia mtaa wa avenue Montaigne, Paris, ambako wafanyakazi wake, waliozidi 1,000, walikuwa na daktari, bwalo la chakula na likizo yenye malipo, wakati sheria ya Ufaransa haijawalazimisha waajiri kuitoa. Ili kuwazuia waigaji, alitia alama ya kidole gumba chake kwenye lebo.

Alifunga nyumba mwaka 1939 na kufariki mwaka 1975, lakini mwaka 1952 alikuwa amekwisha kutoa magauni, vielelezo vya kitambaa na albamu za picha, ambavyo leo vimo katika makumbusho ya Musée des Arts Décoratifs, Paris. Kati ya kazi zake, ninayoirudia zaidi darasani ni gauni la miraba minne ya krepu iliyoning'inizwa kwa pembe kutoka mabegani: likiwa mezani ni vitambaa vinne tu, na mwanafunzi huwa haamini mpaka alivae.