Mwanga yabisi ni nini?

Mwanga yabisi ni teknolojia ya kubuni inayojitokeza sana katika hadithi za kisayansi, katuni na michezo ya kompyuta. Humo mwanga hugeuzwa kuwa kitu kigumu: daraja la kukanyagwa, ukuta wa kuzuia risasi, upanga, hata mtu mzima anayeweza kukushika mkono. Mtambo ukiwashwa, penye hewa tupu panatokea kitu cha kugusika. Ukizimwa, hakibaki hata kipande cha kuokota.

Wengi huuchanganya na hologramu. Hologramu ipo kweli. Dennis Gabor aliivumbua mwaka 1947, akapata Tuzo ya Nobel ya fizikia mwaka 1971. Lakini hologramu ni picha tu, ukinyoosha mkono unapita katikati yake. Mwanga yabisi ni picha ya aina hiyo iliyopewa uwezo wa kukuzuia. Vichekesho vya Uingereza vya Red Dwarf viliitumia tofauti hii vizuri: mhusika mmoja aliyekuwa hologramu, asiyeweza kugusa chochote, mwaka 1993 aligeuzwa kuwa mwanga yabisi. Akaweza kushika vitu. Akaweza pia kuhisi maumivu.

Michezo ya kompyuta ndiyo iliyouzoesha zaidi, hasa kwa madaraja. Yamo katika Halo ya mwaka 2001 na tena katika Portal 2 ya mwaka 2011, ambako mwanga wenyewe unadaiwa kuvutwa kutoka juani kwa mabomba. Mbunifu wa mchezo ana sababu nzuri ya kuupenda: daraja linalowashwa na kuzimwa ni fumbo tayari, bila kuongeza kitu kingine.

Sasa, kwa nini mwanga wa kweli haufanyi hivyo?

Tuanze na kiti ulichokalia. Atomi zake kwa sehemu kubwa ni nafasi tupu, na zako vilevile, ila hukipenyi kiti ukaangukia sakafuni. Elektroni zako na zake husukumana kwa chaji ya umeme, na juu ya hapo kuna kanuni aliyoieleza Wolfgang Pauli mwaka 1925, kwamba elektroni mbili haziwezi kuwa katika hali ileile mahali pamoja. Ugumu wa kitu ni huko kukataana. Fotoni, yaani chembe za mwanga, hazina chaji na kanuni ya Pauli haizigusi. Zinaweza kurundikana mahali pamoja kwa idadi yoyote, na leza hufanya kazi kwa kutumia tabia hiyohiyo. Pitisha mwali wa tochi katikati ya mwali wa tochi nyingine, kila mmoja utaendelea na safari yake kana kwamba mwenzake hayupo. Fotoni kugongana na fotoni katika ombwe, yaani nafasi isiyo na hata hewa, ni tukio adimu mno: mwaka 2017 wanasayansi wa jaribio la ATLAS, pale CERN, maabara ya Ulaya ya fizikia ya chembe, walipotangaza ushahidi wake baada ya kuchambua mabilioni ya matukio ya viini vya atomi za madini ya risasi vilivyopishana kwa kasi kubwa, walikuwa wamepata ishara 13.

Kikwazo cha pili ni kwamba mwanga hausimami. Katika ombwe hukimbia karibu kilomita 300,000 kwa sekunde, kwa hiyo daraja la mwanga lingekuwa kama maji yanayotoka bombani: umbo linabaki palepale kwa sababu mwanga mpya unaingia kila wakati. Anayelipa bili ya umeme ndiye anayelishikilia.

Na bili yenyewe? Mwanga kweli husukuma. Mrusi Pyotr Lebedev alilipima jambo hilo kwenye maabara mwanzoni mwa karne ya 20, na mwaka 2010 chombo cha Japani, IKAROS, kilisafiri angani kikisukumwa na mwanga wa jua juu ya tanga lake. Ila msukumo huo ni mdogo kiasi cha kuchekesha. Kumbeba mtu wa kilo 70 kwa mwanga peke yake, hata akiwa amevaa viatu vya kioo kinachorudisha mwanga wote bila kupoteza chochote, kungehitaji takriban gigawati 100. Bwawa la Three Gorges la China, kituo kikubwa kuliko vyote duniani cha umeme wa maji, lina uwezo wa gigawati 22.5. Akivaa viatu vya kawaida, kabla hajapiga hatua ya pili atakuwa mvuke.

Kila baada ya miaka michache vichwa vya habari hutangaza kwamba mwanga umegandishwa. Kazi zenyewe ni nzuri, vichwa vya habari ndivyo vinavyotia chumvi. Mwaka 2013 Mikhail Lukin, Vladan Vuletić na wenzao, wa Harvard na MIT, walipitisha fotoni ndani ya wingu baridi la atomi za metali ya rubidi, zikatoka mbili mbili zikiwa zimeshikana. Mwaka 2018 zikawa tatu. Mwaka 2025 kundi lenye makao Lecce, Italia, likaonyesha hali inayopangika kama fuwele huku ikitiririka bila msuguano. Hapo pia mwanga ulikuwa umechanganyika na mata, yaani atomi, za kipande cha semikondakta, na kushikana huko kulitokana na mchanganyiko huo. Ondoa mata, fotoni zinarudi kutojuana.

Waandishi wenye akili walishaliona hili. Katika Star Trek: The Next Generation, iliyoanza mwaka 1987, chumba cha maigizo hutumia mwanga kwa kile unachokiona, na kile unachokigusa huachiwa nyuga za nguvu. Huo ni ujanja, lakini ni ujanja unaokiri tatizo liko wapi.

Mimi ningependa kuona hadithi inayouchukulia uzito wake kwa makini. Fotoni moja haina masi, lakini mwanga uliofungiwa mahali pamoja huwa na masi, kwa hesabu ya Einstein ya nishati na masi. Ukuta wa mwanga wenye gramu moja tu ungekuwa umebeba nishati ya karibu jouli trilioni 90, kiasi cha bomu lililoangushwa Nagasaki. Mashujaa wa katuni huzivunja ngao za namna hiyo kwa ngumi, kisha wanaendelea na mazungumzo.