Alexander Seton wa Uskoti: yanayosimuliwa na yaliyokuwa

Wengi wanaomtaja Alexander Seton (1555–1622), Erli (cheo cha kikabaila) wa kwanza wa Dunfermline, humtaja kwa sababu ya mzimu. Inasikitisha, kwa kuwa makabaila wa zama zake waliofanya kazi kubwa kama yake ni wachache.

Dhana: alimuua mkewe kwa njaa.

Katika kasri lake la Fyvie, Aberdeenshire, husimuliwa kwamba Lilias Drummond alimzalia mabinti watupu, mume akamfungia chumbani hadi akafa kwa njaa. Usiku wa harusi ya mke wa pili, wanasema, roho yake ilichonga jina lake kwenye kizingiti cha dirisha.

Jina hilo lipo kweli, limechongwa kwenye jiwe upande wa nje. Lakini Lilias alifariki Mei 1601 huko Dalgety, Fife, mbali kabisa na Fyvie. Seton alioa tena kabla mwaka haujaisha, na haraka hiyo bila shaka ndiyo iliyochochea uvumi. Ushahidi wa kumtia mtu hatiani kwa mauaji haupo. Si haki kumhukumu marehemu kwa maandishi ya dirishani.

Dhana: alizaliwa akiwa na kila kitu.

Baba yake alikuwa Lord Seton, rafiki mkubwa wa Malkia Mary wa Uskoti, na malkia alimpa mtoto huyo mali ya monasteri ya Pluscarden angali mdogo. Hata hivyo hakuwa mtoto wa kwanza, na urithi wa ukoo haukuwa wake. Alipanda kwa elimu: alisoma Roma kwa Wajesuiti, watawa wa Kikatoliki, kisha sheria Ufaransa, akawa jaji. Mwaka 1593 aliongoza mahakama kuu ya Uskoti. Mwaka 1596 alikuwa miongoni mwa wanane walioteuliwa kunyoosha hazina ya mfalme. Akawa meya wa Edinburgh, Kansela (afisa mkuu wa serikali) mwaka 1604, na Erli mwaka 1605.

Dhana: Mkatoliki asingeweza kuaminiwa na mfalme Mprotestanti.

Hadharani Seton alifuata kanisa la nchi, la Kiprotestanti, ingawa wengi walijua moyo wake uko kwa Wakatoliki. Wachungaji walimshuku. Hata hivyo Mfalme James VI alimkabidhi mwanawe. Charles, aliyezaliwa Dunfermline mwaka 1600, alikuwa mtoto dhaifu, na wazazi wake walipohamia Uingereza mwaka 1603 alibaki chini ya ulezi wa Seton hadi mwaka uliofuata. Mtoto huyo ndiye aliyekuja kuwa Mfalme Charles I.

Dhana: makabaila wa Uskoti walijenga ngome tu.

Hapa ndipo ningependa msomaji akae kidogo. Nyumba ya Pinkie iko Musselburgh, karibu na uwanja ambako mwaka 1547 jeshi la Uingereza liliua maelfu ya Waskoti. Seton aliinunua, akaipanua, na kazi hiyo ina tarehe ya 1613. Kwenye maandishi ya Kilatini alitangaza kwamba hapo hakuna cha kivita, hata cha kujilinda: hakuna handaki wala boma. Kilichopo ni chemchemi ya maji safi, bustani na mabwawa, ili wageni wapokewe kwa ukarimu. Katika nchi ambayo koo zilikuwa bado zinamwagiana damu, hayo yalikuwa maneno mazito, na naamini aliyamaanisha.

Juu ya ukumbi mrefu aliagiza dari la mbao lililochorwa. Katikati mchoraji amelidanganya jicho: unaona kama kuba limefunguka kuelekea angani. Pembeni yake kuna michoro ya mafumbo, mingine ikifuata kitabu cha Otto van Veen cha mwaka 1607 kilichochora mafundisho ya Horace, mshairi wa Roma ya kale, juu ya kiasi na utulivu wa moyo. Mgeni aliweza kutembea huku akisoma dari lote.

Dhana: mlezi wa sanaa ni mnunuzi wa picha tu.

Seton alipenda pia hesabu. John Napier, mvumbuzi wa logariti, aliandika kwa heshima yake kitabu *Rabdologiae* cha mwaka 1617, kinachoeleza vijiti vya kurahisisha kuzidisha na kugawanya. Huyo Napier ndiye aliyechapisha kitabu mwaka 1593 akimwita Papa Mpinga Kristo, na sasa kazi yake ya mwisho aliiweka mikononi mwa mwanafunzi wa Wajesuiti.