Stovies za Uskoti: viazi na nyama bila mchuzi wa kuogelea

Ukifunua sufuria ya stovies ukakuta viazi vinaogelea, ujue umepika kitu kingine. Kinaweza kuwa kitamu, lakini si stovies. Chakula hiki cha Uskoti ni viazi, vitunguu, mafuta ya ng'ombe na mabaki ya nyama iliyookwa, vyote vikiiva ndani ya sufuria iliyofunikwa barabara, kwa moto mdogo na kwa maji machache kiasi cha kumtia mpishi mgeni wasiwasi. Mimi ni mpishi wa hotelini hapa Aberdeen, kaskazini-mashariki mwa Uskoti, na kila kijana mpya anayeingia jikoni kwetu namwanzishia somo la maji kabla ya somo la kisu.

Ndugu zetu wa Afrika Mashariki waliokuja huku kusoma au kufanya kazi kwenye visima vya mafuta ndio hupata shida zaidi, na sababu yake naielewa. Sisi tumelelewa na mchuzi wa nyama na viazi: unakaanga vitunguu, unatia nyanya, tangawizi na kitunguu saumu, unarudisha nyama, unamimina maji, viazi vinafuata mwishoni. Mkono umezoea njia hiyo. Stovies zinafuata njia nyingine kabisa, kwa kuwa hapa kiazi ndicho chakula na nyama ndiyo kiungo. Waskoti wengi hupika hata stovies zisizo na nyama, wakategemea kitunguu na mafuta peke yake, na hakuna anayelalamika mezani.

Twende kwenye hayo maji. Kiazi kibichi karibu asilimia 80 ni maji, kwa hiyo kilo moja ya viazi imeingia sufuriani na maji yake ya kutosha. Kinachohitajika ni kikombe kidogo cha supu cha kuanzisha mvuke kabla viazi havijaanza kutoa maji yake. Mvuke unapanda, unagonga mfuniko, unarudi chini. Joto likifika nyuzi 60 na kitu, chembe za wanga ndani ya kiazi huanza kunywa maji na kuvimba. Maji yakiwa machache, wanga unabaki mle ndani na kiazi kinakuwa laini, kizito, chenye ladha. Ukimimina maji mengi, ladha ya kiazi inahamia kwenye maji, nawe utamaliza kwa kuyamwaga au kuyakausha kwa moto mkali. Hapo mafuta yatakuwa yamejitenga na viazi vimerojeka.

Mafuta ndiyo roho ya chakula hiki. Kwa desturi, pande la nyama ya ng'ombe huokwa Jumapili, na stovies hupikwa Jumatatu kwa kilichobaki. Kilichobaki si nyama tu. Yale yaliyochuruzika kwenye trei ya kuokea yanamiminwa ndani ya bakuli na kuachwa yapoe. Kesho yake utakuta tabaka mbili: juu mafuta meupe yaliyoganda, chini jeli ya kahawia. Mafuta ni ya kukaangia vitunguu. Jeli ile ni maji ya nyama yaliyokolea pamoja na jelatini iliyotoka kwenye ngozi nyembamba na mishipa ya nyama, na ndiyo inayofanya stovies zishikane na kung'aa bila kutia unga hata chembe. Naona uchungu ninapomwona mtu akiosha trei hiyo kwa sabuni, halafu anafungua pakiti ya unga wa supu. Pakiti itakupa chumvi. Jeli haimo.

Kwa wasomaji Waislamu, chakula hiki hakina kikwazo chochote kwa asili yake, kwa maana ni ng'ombe au kondoo. Lakini mafuta ya kopo yanayouzwa madukani huku, hata yakiandikwa ni ya ng'ombe, mara nyingi hayatokani na mnyama aliyechinjwa kwa sheria. Nenda bucha ya halali uombe mafuta yanayozunguka figo. Wengine hukupa kwa bei ya chini sana. Yakate vipande vidogo, yatie sufuriani na maji robo kikombe ili yasiungue mwanzoni, yaache kwa moto mdogo sana mpaka shahamu yote iyeyuke na vipande vibaki vikavu. Chuja, weka kwenye chupa, tunza kwenye friji. Kama huna jeli ya trei, chemsha kongoro au mifupa ya magoti kwa saa kadhaa, uiache supu ipungue mpaka ikipoa igande. Supu ya kongoro iliyoganda inafanya kazi ile ile, nami naipendelea kuliko vidonge vyote vya supu.

Sasa viazi. Unataka viazi vya unga, vile vinavyopasuka ukivichemsha, si vile vigumu vya saladi. Hapa Uskoti natumia Maris Piper kwa kuwa inapatikana kila mahali, ila nikipata Kerr's Pink nafurahi zaidi: ngozi yake ya waridi, ndani pakavu, ladha imejaa. Golden Wonder ni kavu zaidi hata ya hiyo, na ukizubaa inageuka uji. Kama hujui aina uliyonunua, changanya kikombe 1 cha chumvi na vikombe 11 vya maji, tumbukiza kiazi. Cha unga huzama, cha saladi huelea, kwa sababu kile cha unga kina wanga mwingi na ni kizito zaidi kwa ujazo wake.

Msomaji wa Kenya asidhani viazi hivi ni vya kigeni kwake. Kerr's Pink imelimwa Kenya kwa miaka mingi, na aina kama Roslin Eburu na Roslin Tana zimebeba jina la Roslin, kijiji kilicho karibu na Edinburgh, ambako wataalamu wa mbegu walizalisha viazi vinavyostahimili ugonjwa wa ukungu. Ugonjwa huo ndio ulioangamiza viazi vya nyanda za juu za Uskoti kuanzia 1846, wakati wakulima maskini walikuwa wanategemea zao hilo karibu peke yake. Hadi leo likizo ya shule ya Oktoba huku bado inaitwa kwa jina la viazi, maana zamani watoto waliachiwa wakavune. Leo ukiwa Nairobi, Shangi inafaa sana: inaiva haraka na inapasuka vizuri. Ipunguzie muda tu.

Usiweke viazi kwenye friji. Baridi inageuza sehemu ya wanga kuwa sukari, na sukari hiyo ndiyo itakayoungua kwenye kitako cha sufuria na kukupa uchungu. Viweke gizani, pakavu, pasipo na joto.

Kwa watu wanne nachukua viazi kilo 1 na robo, vitunguu maji vikubwa vitatu, shahamu gramu 50, nyama iliyookwa na kupoa gramu 300 au 350, na jeli pamoja na supu ambavyo vikiyeyushwa pamoja havizidi mililita 200. Chumvi na pilipili manga, basi. Sufuria iwe nzito, kitako kinene. Kama unayo ile nyepesi ya aluminiamu, weka kikaango bapa cha chuma chini yake. Na kama unapikia mkaa, funika makaa kwa majivu mpaka joto litulie.

Vitunguu navikata vipande vinene kidogo, navikaanga kwenye shahamu kwa dakika 15 au 20, taratibu, mpaka vilainike na kuanza kupata rangi ya dhahabu. Hapa usiharakishe. Utamu wote wa sufuria hii unatoka kwenye kitunguu, maana hakuna nyanya wala karoti ya kukusaidia.

Viazi navikata kwa namna mbili, na hili ndilo jambo ninalolisisitiza kuliko yote baada ya maji. Theluthi moja navikata vyembamba, unene wa sarafu mbili au tatu. Vilivyobaki navikata mapande makubwa. Vyembamba vinatangulia chini, juu ya vitunguu. Hivyo vitapondeka vyenyewe na kuwa ndio sosi. Mapande yanakaa juu, yataiva kwa mvuke na kubaki mazima, na mlaji atapata kitu cha kutafuna. Nanyunyiza chumvi na pilipili kila tabaka, namimina jeli na supu, nafunika. Mfuniko ukiwa umelegea, natandika karatasi ya foili chini yake. Moto wa wastani mpaka nisikie mchemko, kisha naushusha chini kabisa.

Dakika 30 za kwanza sifunui. Nashika masikio ya sufuria kwa kitambaa na kuitikisa mara moja moja. Sikio linatosha: ukisikia mtokoto wa polepole, mambo ni mazuri, ukisikia mchariko mkavu wa kukaanga, ongeza vijiko viwili vya maji, si kikombe. Baada ya nusu saa nafunua, nageuza kwa mwiko mara moja kutoka chini kwenda juu, natandaza nyama, nafunika tena kwa dakika 15 au 20.

Nyama inaingia mwisho kwa sababu imeshaiva jana. Nyama ya paja, isiyo na mafuta, ukiipika saa nzima tena inakuwa nyuzi kavu. Ile ya kidari au muundi, yenye mishipa mingi, inaweza kutangulia kidogo, na kwa kweli hiyo ndiyo naipenda zaidi. Nyama ya kopo ikatwe vipande na kuingia dakika 10 za mwisho. Familia nyingi za hapa hazijui stovies nyingine ila hizo, na sioni sababu ya kuwadharau, ila punguza chumvi nusu. Wengine hutia soseji, na hapo Mwislamu aulize kwanza ni za nyama gani.

Ukizima moto, acha sufuria imefunikwa dakika 10. Chini utakuta viazi vimeshika rangi ya kahawia, kama ukoko wa wali. Ukwangue wote na kuuchanganya. Ukoko wa kahawia ni ladha. Ukiwa mweusi, uache hapo hapo chini na upakue juu yake.

Mezani stovies hupewa biskuti kavu za oti, zile zisizo na sukari, na bitiruti za siki. Watu wengine humwagia sosi ya kahawia ya chupa. Siki inakata uzito wa shahamu, lakini ikae pembeni: asidi inafanya gundi inayoshika seli za kiazi iwe ngumu kuyeyuka, na viazi vitabaki vigumu hata ukipika saa mbili. Kwa sababu hiyo hiyo nawaomba msiweke nyanya sufuriani. Ukitaka kachumbari, itengeneze kando, inapendeza kama bitiruti.

Huku ni chakula cha sherehe pia. Harusi nyingi za Uskoti, usiku ukishasonga na watu wamecheza ngoma hadi jasho, jikoni tunatoa bakuli za stovies. Tunapika kwa masufuria makubwa, na hapo maji yanapungua zaidi kwa uwiano, kwa kuwa sufuria kubwa iliyojaa hupoteza mvuke kidogo kuliko ndogo. Ukiongeza kipimo mara tano, supu iongeze mara tatu au nne tu.

Zikibaki, zipoze upesi, ziingie kwenye friji ndani ya saa mbili, na zisikae zaidi ya siku mbili. Kumbuka nyama hii inapashwa mara ya pili tayari, hivyo zipashe mara moja tu baada ya hapo, na ziwe moto kweli kweli. Jikoni za biashara za Uskoti tunapima mpaka katikati ifike nyuzi 82. Njia ninayoipenda ni kikaango chenye shahamu kidogo: zitandaze, zibonyeze, usiziguse mpaka chini pakauke na kuwa kahawia, kisha zigeuze upande wa pili, na ukipenda weka yai la kukaanga juu.