Mbona Tembo Haruki? Uzito Sio Jibu Lote

Kama ushawahi kukaa benchi asubuhi pale Manzese au Kariakoo ukanywa supu ya makongoro basi kitu ntakachoeleza leo ushakitafuna. Ile sehemu nyororo inayovutika, sio nyama wala sio mfupa, ambayo isipochemka masaa na masaa meno hayaikati, ile ndo kano. Kazi yake ni kuushika msuli kwenye mfupa, na kwa mnyama mrukaji kano ndo springi yake, inavutika kidogo inabeba nguvu alafu inairudisha kwa mpigo mmoja.

Naianza hivyo kwasababu juzi kati tulipokea wanafunzi wa shule ya msingi hapa kwenye taasisi yetu, na kazi yangu mimi ndo hiyo, wanyama na kuelimisha watu kuhusu wanyama. Mtoto mmoja wa darasa la nne akasimama mbele ya mifupa ya mguu wa tembo akauliza mbona tembo haruki. Kabla sijajibu mwalimu wake akasema kwasababu ni mzito. Mtoto hakuridhika, nilimuona usoni, na mimi nipo upande wake kabisa maana jibu lile ni kweli ila ni nusu. (Kuruka ninakosema hapa ni kwa miguu, sio kuruka kwa ndege angani, Kiswahili chetu neno ni hilo hilo.)

Mchukue faru mweusi, wapo Ngorongoro na Mkomazi, uzito wake unafika tani moja na kupita, lakini akichanganya anakimbia kama kilomita 50 kwa saa na kuna vipande vya sekunde miguu yote minne iko hewani. Kiboko nae hivyo hivyo, mwaka 2024 watafiti wa Uingereza walichambua video za viboko wakakuta wakikimbia kwa kasi kubwa wanaachana na ardhi kabisa kwa muda mfupi sana, mnyama wa tani moja na nusu huyo. Sasa tembo hata hicho kidogo hafanyi. Kuna utafiti ulitoka mwaka 2003 uliofanyika Thailand kwa tembo wa Asia 42, wakawekwa alama za rangi kwenye viungo wakapigwa video wakikimbia, wenye mbio zaidi walifika karibu kilomita 25 kwa saa na bado haikutokea hata mara moja miguu yote ikawa juu. Kwaiyo kuna kitu zaidi ya kilo.

Tuanze na hizo kilo lakini, maana zina hesabu yake nzuri. Chukua tofali la kawaida la mchanga na saruji, alafu mwambie fundi akufyatulie lingine lililo mara mbili kwa urefu, mara mbili kwa upana na mara mbili kwa kimo. Uzito utakuwa mara 8, ila ile sehemu ya chini inayokalia udongo imeongezeka mara 4 tu, yani kila inchi ya chini sasa inabeba mzigo mara mbili ya mwanzo. Galileo Galilei wa Italia alishaliandika hili mwaka 1638, kwamba mnyama mkubwa hawezi kuwa mnyama mdogo aliyekuzwa tu, mifupa yake lazima inenepe kupita kiasi na umbo libadilike. Tembo dume wa Afrika anaweza kufika tani 6, anazidi kosta tupu la abiria, sasa fikiria mzigo huo utoke juu ushuke kwenye miguu, maana wakati wa kutua mguu haubebi uzito wa kawaida, unabeba mara kadhaa ya huo.

Ndo mana mguu wake umejengwa kama nguzo. Mifupa imepangana wima, mmoja juu ya mwingine, anaweza kusimama siku nzima bila misuli kuhangaika sana. Lakini kuruka kunataka kinyume chake, ukitaka kuruka lazima kwanza ujikunje, hata wewe jaribu sasa hivi kuruka bila kukunja magoti uone unafika wapi. Alafu kifundo cha mguu wa tembo ni kigumu, hakipindi sana, misuli ya chini ya goti ni midogo ukilinganisha na mwili wote, na nyuma ya vidole kuna godoro nene la mafuta, kwaiyo kwa ndani ni kama amevaa mchuchumio alafu pengo la kisigino likajazwa sponji. Godoro lile linapunguza mshindo vizuri sana, tembo anaweza kupita karibu yako usimsikie, ila halikurushi. Anazo kano ndio, lakini mguu mzima haukupangwa kwa kufyatuka.

Ukitaka kuona mguu uliopangwa kwa kufyatuka muangalie komba, wale wa macho makubwa wanaolia usiku hata kwenye misitu ya Pugu hapa karibu na mjini. Miguu ya nyuma mirefu, imekunjwa muda wote, mapaja yamejaa, na komba mdogo mwenye gramu mia mbili anaweza kuruka zaidi ya mita 2 kwenda juu kutoka amesimama tu. Swala pala wa Mikumi nae anaweza kufika mita 3 juu, wakati mwamba wa goli pale uwanja wa Mkapa uko mita 2.44. Na kiroboto, ambaye watu wanapenda kusema angekuwa na ukubwa wa mtu angeruka ghorofa, hapana, asingeruka. Kiroboto hategemei msuli peke yake, ana kipande cha protini inayoitwa resilini kinachofanya kazi kama mpira wa manati, anauvuta taratibu anaubana alafu anauachia, anaenda kama sentimita 20 juu. Ukimkuza na uzito unakua kwa ile hesabu ya tofali, unamla.

Wapo wengine hawaruki na wala sio wazito. Kobe uti wake wa mgongo na mbavu vimeungana na gamba, mgongo haupindi hata kidogo. Kinyonga nyayo zake zimekuwa koleo za kushika tawi, mwendo wa kuruka kauhamishia kwenye ulimi, ulimi ndo unaruka kwa niaba yake. Yule namuona kwenye miarobaini ya mtaani watu wanampiga mawe na inaniuma kweli, hana sumu wala hana kosa.

Nisahihishe mawili yanayozunguka sana kwenye magrupu. Tembo sio mnyonyeshaji pekee asiyeruka, fuko nae mchimba ardhi haruki, na wapo wengine. Na tembo hana magoti manne, miguu ya nyuma ina magoti kama yetu, ile sehemu inayopinda kwenye miguu ya mbele ni sawa na kiungo cha kiganja chako.

Sasa naomba hapa mnisikilize hasa nyie mnaopita barabara ya Morogoro kwenda Iringa inayokatiza hifadhi ya Mikumi. Kutoruka sio kutokimbia. Kilomita 25 kwa saa watu wengi hatuifikii hata kwenye uwanja tambarare, sembuse kwenye nyasi na mashimo. Usishuke kwenye gari kupiga picha ukijipa moyo kwamba kati yenu kuna mtaro. Ni kweli nchi kama India wanachimba mitaro mipana kuzuia tembo wasiingie mashambani, na inasaidia, ila tembo wamejifunza kubomoa kingo kwa miguu ya mbele wakaujaza udongo wakapita. Ule wa pembeni ya lami ni mdogo mno.

Yule mtoto alikuwa na swali la pili na ndo lilinifurahisha zaidi, akauliza sasa akikuta korongo anafanyaje. Nikamwambia hakurupuki, anapapasa kwanza na mkonga na mguu wa mbele kuona kama udongo unashika. Ukishika anakunja magoti ya nyuma, karibu akae, anateleza taratibu na tani zake zote mpaka chini, na kama ana mtoto basi wakati wa kupanda upande wa pili mama anamsukuma kwa nyuma kwa kichwa na mkonga mpaka afike juu.