Mionzi ya maikrowevu, wali kiporo na hofu iliyopotea njia

Shangazi yangu akishabonyeza kitufe cha maikrowevu hakai tena jikoni. Anambeba mjukuu wake, anamfunika kwa upindo wa khanga, anatoka naye hadi barazani na kuniita: "Mwanangu, toka hapo, mionzi hiyo!" Kengele ikilia ndipo anarudi. Anatoa chupa ya maziwa, anaipapasa kwa nje, anaona ni vuguvugu, basi anamwekea mtoto mdomoni.

Siku moja nilimwomba, "Shangazi, naomba niijaribu kwanza." Niliigeuza vilevile bila kuitikisa, nikadondosha matone machache juu ya kifundo cha mkono. Yaliniunguza. Plastiki ya chupa ilikuwa haijapata moto, lakini maziwa ya juu yalikaribia kuchemka. Tangu siku hiyo naona tunakimbia kitu kisichotudhuru huku kinachodhuru tumekishika mkononi.

"Inatia chakula mionzi, mwisho wake saratani"

Neno lenyewe linatuponza. Tunasema mionzi ya jua, mionzi ya eksirei, mionzi ya kutibu saratani, mionzi ya nyuklia. Mtu akiambiwa maikrowevu inatumia mionzi, moja kwa moja anawaza bomu. Lakini ndugu hao wa jina moja wanapishana sana kwa nguvu. Eksirei ina nguvu ya kung'oa elektroni kutoka kwenye atomu, na hapo ndipo chembe za mwili zinapoweza kuharibika kiasi cha kuleta saratani. Wimbi la maikrowevu ni la ukoo wa redio. Ili kung'oa elektroni, kila kifurushi chake cha nishati kingehitaji kuwa na nguvu karibu mara milioni moja zaidi ya kilicho nayo. Hata mwanga wa taa ya sebuleni unalizidi zaidi ya mara laki moja kwa kipimo hichohicho, na hakuna anayemfunika mtoto khanga kwa sababu ya taa.

Wala mawimbi hayo hayabaki kwenye chakula. Ukizima taa, chumba hakihifadhi mwanga. Maikrowevu ikizima, mawimbi yamekwisha papo hapo, na kilichobaki kwenye sahani ni joto.

Linachofanya wimbi hilo ni kusukuma. Molekuli ya maji ina upande wenye chaji hasi na upande wenye chaji chanya. Wimbi linapita likigeuza mwelekeo wake huku na huko mara bilioni 2.45 kwa sekunde, molekuli inajaribu kulifuata, inagongana na jirani zake, na vurugu hiyo ndiyo joto. Wapo wanaosema kwamba hayo ndiyo masafa maalumu ya maji, yaani idadi ya mitikisiko kwa sekunde inayoyafaa maji peke yake. Si kweli. Viwandani kuna mashine za megahezi 915, yaani mara milioni 915 kwa sekunde, na chakula kinapata moto vizuri tu.

Kifaa kinachozalisha mawimbi hayo, magnetroni, kiliboreshwa kwa ajili ya rada wakati wa Vita Kuu ya Pili. Mwaka 1945 mhandisi Percy Spencer wa kampuni ya Raytheon, Marekani, alikuwa karibu na magnetroni iliyokuwa ikifanya kazi, akagundua kwamba peremende aliyoiweka mfukoni imeyeyuka. Oveni za kwanza zilizouzwa miaka michache baadaye zilikuwa na kimo cha mtu na uzito wa zaidi ya kilo 300.

"Mawimbi yanavuja mlangoni"

Chungulia kioo cha mlango kwa karibu. Utaona wavu wa chuma wenye vitundu vidogo kama kichwa cha pini. Wimbi la maikrowevu lina urefu wa sentimita 12 hivi, kwa hiyo linaupokea wavu ule kama ukuta mzima, wakati mwanga, ambao mawimbi yake ni madogo mno, unapita na wewe unaona chakula kikizunguka. Sheria ya Marekani inaruhusu kiasi kidogo sana cha uvujaji: miliwati 5 kwa sentimita moja ya mraba, ikipimwa sentimita 5 kutoka kwenye oveni. Ukirudi nyuma hatua moja kinapungua kwa kasi. Na mlango ukifunguliwa, swichi zilizo kwenye komeo zinakata umeme.

Kuna jaribio linalopendwa: weka simu ndani (oveni ikiwa imezimwa!), ipigie, ikiita basi inavuja. Jaribio hilo halithibitishi lolote. Simu imeundwa kunasa mawimbi dhaifu mno, na mabaki madogo kabisa yanatosha kuiamsha. Kinachostahili kukuhangaisha ni mlango uliopinda, bawaba iliyolegea au kioo kilichopasuka. Oveni ya namna hiyo usiiwashe.

"Inapika kuanzia ndani"

Hii naielewa inakotoka. Unapasha sambusa, ngozi yake ni vuguvugu, unaiuma, nyama inakuunguza ulimi. Lakini mawimbi yanaingia kutoka nje na kufika sentimita 2 au 3 tu. Katikati ya pande kubwa la nyama hupata moto kwa joto linalosafiri polepole, kama kwenye chungu. Sambusa inadanganya kwa sababu ngozi yake ni kavu na nyama iliyo ndani ina maji mengi, na maji ndiyo yanayopokea nguvu.

"Ikishalia, chakula chote kimepata moto"

Hapa ndipo ningependa tukae. Ndani ya oveni mawimbi yanagonga kuta na kurudi, yanakutana, mahali pengine yanaongezeana nguvu na pengine yanauana. Ukitaka kuona kwa macho, toa sahani inayozunguka pamoja na kizungushio chake, weka bapa la chokoleti juu ya sahani ya kawaida na uwashe kwa sekunde 20 hivi. Litayeyuka kwa madoa, na kati ya doa na doa mara nyingi utapima karibu sentimita 6, yaani nusu ya urefu wa wimbi. Sahani huzungushwa ili kupunguza tofauti hizo, ila haizimalizi.

Ndiyo maana sahani ya wali na maharage inatoka pembeni inatokota, katikati ni baridi. Funika, koroga nusu ya safari, ukisambaze chakula badala ya kukilundika, kisha kiache dakika moja au mbili joto lijigawe. Maziwa ya mtoto ni bora kuyapasha kwa kuisimamisha chupa kwenye bakuli la maji ya moto, kisha uitikise na uyajaribu kwenye mkono.

Wali kiporo una neno lake. Kuna bakteria, Bacillus cereus, ambaye mbegu zake huvumilia kuchemshwa. Wali ukilala kwenye sufuria usiku mzima katika joto la Dar au Mombasa, mbegu huamka, bakteria wanaongezeka na kuacha sumu. Sumu hiyo ya kutapisha haivunjwi na maikrowevu wala na jiko la mkaa. Wali upozwe mapema na kuingizwa kwenye friji. Uliolala nje umwagwe, ingawa najua inavyouma kumwaga wali.

"Inaua vitamini" na "chuma kitalipuka"

Vitamini C hupotea kwa joto, muda na maji. Mchicha uliochemshwa nusu saa na maji yake kumwagwa umepoteza zaidi kuliko uliopitishwa maikrowevu kwa dakika chache na maji kidogo. Na chuma: kuta za oveni zenyewe ni chuma. Vinavyotoa cheche ni meno ya uma, karatasi ya alumini iliyokunjamana na vile vikombe vya wageni vyenye mstari wa dhahabu.

Makopo ya aiskrimu na majarini hayakutengenezwa kwa ajili ya kupashia. Hulainika, na kemikali za plastiki huweza kuhamia kwenye chakula, hasa chenye mafuta. Tumia kioo au kauri. Yai zima na ganda lake usiweke kamwe. Maji matupu kwenye kikombe laini yanaweza kupita kiwango cha kuchemka bila kutoa povu, kisha yakafoka usoni mara unapotia kijiko au majani ya chai. Tangulia kuweka kijiti cha mbao kabla ya kuwasha.

Na oveni ikiharibika, usifungue boksi. Ndani kuna kapasita ya volti 2,000 hivi, inayoweza kubaki na chaji hata baada ya kuchomoa waya ukutani. Umeme huo unaua, na umekwisha kuua mafundi waliozoea kufungua redio na pasi.